Neno Lililonitoka Kichuguuni

Miyazaki, kambi ya mazoezi
21 Februari 1972

Mpendwa Kaka Mitsuo,

Nakusalimu kutoka huku kusini, ambako miplamu imeshachanua na asubuhi tunaanza mazoezi bila glavu za sufu. Natumaini barua hii itakukuta mzima, wewe na Baba na Mama, na Shemeji Sumie na mtoto, na kwamba baridi haikuyaharibu machenza kama mlivyohofia. Mimi sijambo. Bega haliniumi tena, chakula ni kingi, na usingizi ninaupata.

Barua yako ya tarehe 9 imenifikia. Uliniuliza jambo moja tu: Baba anataka kujua kama mwaka huu nitarusha katika mechi za besiboli, maana wenzake wa chama cha ushirika wanamuuliza kila wakikutana, naye anawajibu wasubiri Aprili, ligi ikianza. Nimechelewa kukujibu kwa sababu mpaka siku tatu zilizopita nilikuwa sijui.

Unakumbuka nilivyoitwa ofisini mwezi wa Oktoba. Meneja alinimiminia chai kwa mkono wake, akasema kwamba timu haitanisajili tena kuwa mchezaji, ila kama nataka, nibaki niwe mrushaji wa mazoezi. Mimi na wewe tukakubaliana tumwambie Baba kwamba nauguza bega, jambo ambalo lilikuwa kweli. Sikukueleza vizuri kazi yenyewe. Ni kusimama kwenye kichuguu, kile kilima kidogo cha mrushaji katikati ya uwanja, kila siku kabla ya mechi na kuwarushia wapigaji wetu mipira wanayoweza kuipiga. Mchezaji hulipwa kwa kuwashinda wapigaji. Mimi nalipwa kwa kupigwa.

Mwanzoni nilishindwa. Unaujua mpira wangu, wewe ndiwe uliyeudaka tangu tukiwa shule: unakuja umenyooka, halafu unazama ukifika karibu na gongo la mpigaji. Huo ndio ulionileta huku, ndio ulionipa ushindi wangu mmoja, na sikuwa nimejifunza kwa mtu. Sasa ukawa kosa. Bwana Kuroiwa, mpigaji wetu mkubwa, alivumilia siku mbili. Siku ya tatu aliliweka gongo begani akaniita mbele ya wote.

“We Segawa, unanirushia mpira au unanitegea? Kama bado unataka kunitoa mchezoni, nenda kaombe kazi kwa wapinzani.”

Wenzake wakacheka. Niliinamisha kichwa, nikaomba radhi.

Aliyenisaidia ni Mzee Onda, ambaye amekuwa katika kazi hii tangu sisi tukiwa watoto. Alinionyesha namna ya kuushika mpira ili ufe, ndivyo anavyosema yeye, yaani uende bila tabia yoyote. Akanifundisha pia kwamba mpigaji akiupata vizuri, nimwambie. Alisema mpigaji aliyepoteza imani hawezi kujisikia mwenyewe, hivyo lazima mtu mwingine amsikilizie mlio wa gongo. Basi nikawa nikisikia ule mlio mkavu, nasema, “Safi!” Kabla ya mwaka kwisha, Bwana Kuroiwa alikuwa akiniita kwa jina langu la kwanza.

Sasa nifike kwenye swali la Baba. Wiki iliyopita warushaji wetu wawili waliumia. Kocha mkuu alikuwa amesikia kwamba bega langu limepona, akaniita, akaniambia kwamba nafasi ipo moja, na kwamba nitapimwa tarehe 18 mbele ya makocha wote. Nikifaulu, Aprili nitakuwa mchezaji. Sikukuandikia kwa sababu niliogopa kumpa Baba tumaini. Kwa siku tatu niliurusha ule mpira wangu wa zamani kwenye ukuta wa ghala nikiwa peke yangu. Ulizama, Kaka. Si kila mara, lakini ulizama.

Siku yenyewe hapakuwa na upepo. Walimweka kijana mpya anayeitwa Hirose ashike gongo. Mipira ya kwanza ilikwenda vizuri; mmoja aliukosa kabisa, nikamwona kocha mkuu akimnong'oneza msaidizi wake. Kisha nikarusha mwingine. Niliuachia nikijua kwamba hautazama. Hirose aliupiga kwa nguvu zake zote, ukapita juu ya uzio na kuangukia kwenye misonobari.

Nami nikasema, “Safi!”

Nilisema kwa sauti, kama ninavyosema kila siku. Hirose alibaki ameshika gongo akinitazama. Hakuna aliyecheka. Hata Bwana Kuroiwa, aliyekuwa amekuja kutazama, aliangalia chini. Kocha mkuu alivua kofia, akaja mpaka pale kwenye kichuguu, akasema taratibu, “Basi, Segawa. Umeshajibu mwenyewe.” Nikamjibu, “Ndiyo, Mwalimu.”

Wenzangu wanadhani ni ulimi tu uliniteleza, na wananihurumia. Wewe peke yako nakuambia ukweli wake. Niliposikia ule mlio, nilifurahi. Nilimfurahia yule kijana kwa moyo wangu wote, na kwa muda ule sikukumbuka kwamba mpira uliopigwa ulikuwa wangu. Mtu wa namna hiyo si mrushaji tena. Nimeusubiri uchungu siku tatu hizi, na umekuja, lakini ni mdogo kuliko nilivyoogopa, na hilo ndilo linalonitia aibu mbele ya Baba.

Kwa hiyo mwambie hapana. Mwambie kabla hajakwenda tena kwenye ushirika, asije akawaahidi watu. Akikuuliza kama bega ndilo lililonishinda, usimkubalie kwa kunionea huruma. Mwambie bega ni zima na ninafanya kazi.

Mpe Mama pole ya baridi, umsalimie sana Shemeji, na mbebe mtoto kwa niaba yangu. Kesho tunaanza saa mbili asubuhi. Hirose ameomba nimrushie mimi.

Mdogo wako akupendaye,
Kunio