Sahihi ya Baba

Jumatatu, 6 Oktoba

Nachambua ndengu za mbegu tangu asubuhi. Zilizotobolewa na wadudu ni za kuku, nzima ndani ya debe. Wenzangu wako wiki ya tano ya masomo ya udaktari. Mimi niko kijijini kwetu, Salama, na ungo.

Naandika tena, nisisahau. Chuo kilibandika orodha ya waliofaulu mtihani wa kuingia, kwa kufuata alama. Nilikuwa wa saba, na nafasi ni arobaini. Nikapiga picha. Siku tatu baadaye ikabandikwa orodha nyingine. Wa sita yupo. Wa nane yupo. Mahali pangu pana jina la msichana ambaye kwenye orodha ya kwanza hakuwemo kabisa. Chuo ni cha watu binafsi, wakasema, kina haki ya kuchagua. Sawa. Basi mtihani ulikuwa wa nini?

Alhamisi, 9 Oktoba

Mjini Wote, kortini. Kesi niliyokishtaki chuo imeahirishwa. Mara ya tatu. Leo wakili wa chuo ana mafua. Wakili wangu, Nduku, amesema nizoee. Sitaki kuzoea.

Jumapili, 12 Oktoba

Mahubiri: Wakristo wasipelekane kortini. Mhubiri alikuwa Mzee Kilonzo, mzee wa kanisa letu, ambaye pia yuko kwenye bodi ya chuo. Jina langu hakulitaja. Hakuwa na haja, kanisa zima liligeuka kunitazama.

Baada ya ibada akamwita Baba ofisini. Mama na mimi tukangoja juani. Baba akatoka anatabasamu, eti wameomba pamoja. Kilonzo akanipa mkono: "Daktari wetu, Mungu ako na wakati wake." Hakuna maneno yanayonichosha kama hayo.

Jumatano, 22 Oktoba

Aibu. Kortini wakili wa chuo ametoa karatasi: familia imesamehe, familia imeondoa kesi. Chini, sahihi ya Baba, ile yenye mkia mrefu. Nilitamani ardhi ipasuke inimeze.

Nyumbani nikamuuliza kama aliisoma.

"Ilikuwa ya maombi. Mzee alisema niweke sign, ndio tuiombee."

"Na miwani?"

"Iliachwa hapa. Kwani si ni Mzee Kilonzo? Mtu ameshafunga macho anaomba na wewe, utamwambia angoje kwanza usome?"

Hiyo ndiyo shida ya kwetu. Ukiambiwa tuombe, hata kalamu inafunga macho. Nina hasira na Baba. Nina hasira na Kilonzo. Nina hasira na mimi, niliyemwona akitoka anatabasamu nisiulize kitu. Mama alipakua isyo, mahindi na maharagwe ya kuchemsha. Hakuna aliyekula.

Ijumaa, 24 Oktoba

Nduku amepiga simu kuuliza nina miaka mingapi. Ishirini, na anajua. Anataka niape kwa maandishi kwamba kesi ni yangu, na kwamba Baba hana mamlaka ya kuiondoa.

Nimeandika. Nikampa Baba asome kwanza. Hakusoma. "Andika vile unataka. Si wewe ni mtu mkubwa sasa." Akaenda kuangalia ng'ombe ambao hawakuwa na shida yoyote.

Alhamisi, 6 Novemba

Nimeshinda.

Jaji aliuliza mleta kesi ni nani. Nikasimama. Akauliza aliyetia sahihi ni nani. Baba akasimama. Jaji akasema mzee huyu hawezi kumwondolea mtu mzima kesi yake, na karatasi ikawekwa kando. Kisha akamuuliza wakili wa chuo orodha ya pili ilifuata alama zipi. Wakili akapekua faili. Akapekua tena. Hakuna kitu. Chuo kimeamriwa kinipokee muhula ujao.

Nduku alinikumbatia. Baba alikuwa bado amesimama, kofia mkononi, hakuna aliyemwambia aketi. Nilitaka kupiga vigelegele na sikuweza.

Jumapili, 9 Novemba

Kilonzo amehubiri juu ya uvumilivu. Nimesinzia.

Jumatano, 12 Novemba

Mvua imenyesha siku mbili. Tumepanda ndengu.

Fomu ya chuo imefika. Kurasa nne. Mwisho kabisa, mstari: sahihi ya mzazi au mlezi. Nikacheka peke yangu. Kisha nikaogopa. Tangu kortini Baba na mimi tumekuwa wa salamu tu.

Nikaiweka mezani mbele yake. Akaenda kunawa udongo mikononi. Akaingia chumbani, akarudi na miwani. Akasoma ukurasa wa kwanza mpaka wa nne, kidole kikifuata kila mstari, hata sheria za bweni. Akageuza karatasi ya mwisho kuona kama nyuma kuna kitu. Hakukuwa na kitu.

"Wewe umeisoma?"

Nikasema nimeisoma yote.

"Haya. Nionyeshe ni wapi."

Nikamwonyesha.