Swali la Padre Lililonishinda

Baba yangu mpendwa,

Shikamoo. Huko uliko sijui kama watu wanaamkiana, lakini wewe ulikuwa mtu wa utaratibu, kwa hiyo nimeanza na shikamoo. Sema marahaba basi, tuendelee.

Nakuandikia Ijumaa mchana, nimekaa barazani kwetu Magomeni, hapa hapa Mtwara, kwenye kile kiti chako ambacho mguu wake mmoja mpaka leo ni mfupi. Wamenipa darasa lako, Baba. Lile la dini, la Jumamosi. Nina watoto kumi na wawili wanaojiandaa kwa kipaimara, na kesho asubuhi padre mgeni anakuja kuwapima. Hapa mapajani nina fotokopi kumi na mbili za kile kijitabu cha maswali na majibu. Nimezitoa jana kwa sababu ya woga, niwagawie wakariri. Saa kumi watakuwa hapa. Kabla sijawapa nimeona nizungumze na wewe, maana kuna jambo kuhusu kijitabu hicho ambalo sikukwambia mpaka ukaondoka.

Unajikumbuka ulivyokuwa kabla ya mikeka? Ulihamishiwa Mtwara kutoka Njombe, mwalimu wa shule ya msingi mwenye suruali ya kaki iliyonyooshwa pasi mpaka ikasimama yenyewe, na fimbo ya mpera. Fimbo hiyo hiyo ya shuleni ndiyo iliyokuja kigangoni siku ya Jumamosi. Ulitupanga kwenye mabenchi, ukauliza swali, tukajibu kwa pamoja kwa sauti ya kuimba, na aliyekosea neno moja alinyoosha kiganja. Mimi mwanao sikusamehewa hata mara moja. Nilikuogopa wewe wiki nzima, na siku ya Jumamosi nikamwogopa na Mungu.

Aliyekubadilisha ni Filbeti, yule mtoto wa kuli wa bandarini aliyekuwa ameshindwa mtihani wa padre mara mbili. Siku ile alinyoosha kiganja kama kawaida yake, halafu akauliza kwa upole kabisa, "Mwalimu, nikikariri vizuri, Mungu atanipenda zaidi?"

Fimbo ilibaki juu. Wewe ukamtazama, ukatutazama sisi, ukaishusha. Ukasema, "Sijui, Filbeti. Tutafute."

Mwalimu wa dini kusema hajui! Nilitamani kujificha chini ya benchi kwa aibu.

Jumamosi iliyofuata tulikuta mabenchi yametolewa nje. Ulikwenda kwa jirani yetu Mama Somoe, ambaye uani kwake watoto wa chuo walisoma Kurani, na ulikuwa umewachungulia wiki nzima juu ya ua. Ulipenda walivyokaa duara, na yule binti mkubwa alivyomfundisha mdogo huku ustadhi akisikiliza tu. Ukaomba mikeka. Nilikuwa nyuma yako nilipomsikia akicheka, "Chukua tu, mwalimu, mkeka hauna dini. Ila viatu mvue, nyie watu wa kanisani mna viatu!"

Tukavua. Na wewe ukavua, ukakaa chini pamoja nasi, magoti yakalia kwa nguvu mpaka Filbeti akakupa pole. Kuanzia siku hiyo hukuuliza tena nani amekariri. Uliuliza, "Nani amekuja na swali?"

Mji ukawaka moto. Mzee Festo, katibu wa kigango, alitangaza kwamba Mwalimu Anselmi amegeuza kanisa kuwa madrasa. Mama alipokwenda sokoni akaulizwa kama ni kweli umesilimu, na jina lako jipya ni nani. Alirudi nyumbani amefura kwa hasira. Wewe ulicheka mpaka ukapaliwa na chai, ukamwambia, "Waambie bado nachagua." Mama hakukusemesha mpaka kesho yake.

Somo ninalolipenda kuliko yote ni lile la uumbaji. Ilikuwa Novemba, mabibo yameiva, na ile fimbo ya mpera uliifunga kwenye ncha ya ufito mrefu ukawa upembo wa kuangulia. Ukampa kila mtoto bibo moja na korosho yake ikining'inia. "Haya, mtazameni Mungu alivyofanya kazi. Niulizeni." Rozi akauliza kwa nini mbegu imekaa nje wakati matunda mengine yote yanaificha ndani. Filbeti akasema labda Mungu aliisahau, akaigundisha mwishoni. Tulicheka, na wewe ukacheka, kisha ukatuacha tubishane mpaka adhuhuri, kama Mungu husahau, kama husahau watu, kama aliyewekwa nje amesahauliwa au amewekwa pale ili aonekane. Sijawahi kufikiri kwa bidii hivyo tena, hata chuo cha ualimu. Tulirudi nyumbani mashati meupe yana madoa ya mabibo ambayo hayatoki mpaka msimu upite, na Jumapili akina mama ndio waliokuwa wakikutafuta, si Mzee Festo.

Sasa nifike kwenye jambo lenyewe. Halmashauri ya kigango ilikaa sebuleni kwetu, na mimi ndiye niliyepeleka chai. Nikasikia uamuzi: watoto wakishindwa mtihani wa padre, darasa anapewa mtu mwingine. Ulisema, "Sawa," ukaomba sukari. Lakini niliona umetia vijiko vitano, na chai ukaiacha ipoe. Mzee Festo alipotoka alinivuta pembeni mlangoni akanipa kijitabu. "Binti, usije ukamwaibisha baba yako."

Nilikinakili chote kwenye daftari la jiografia, Baba, nikalificha nyuma ya debe la unga. Nilikariri nikiosha vyombo, nikichota maji, nikikaa kwenye mkeka wako mbele yako huku ukiamini nafikiria maswali. Sikukuamini. Hilo ndilo nililoshindwa kukwambia. Nilikupenda sana, na sikuamini hata kidogo kwamba ulichokuwa unafanya kingetuvusha.

Padre alikuwa mzee wa sauti ndogo. Mzee Festo alikaa kando yake, kidole kwenye kijitabu, akifuatilia neno kwa neno. Filbeti aliulizwa dhambi ni nini. Akakuna kichwa. "Ni kama nilivyomficha Somoe kiatu, akalia, nikacheka. Nilimrudishia, lakini kicheko kile sikuweza kukirudisha." Kidole cha Mzee Festo kilitafuta ukurasa mzima, hakikukuta kicheko wala kiatu. Padre alimtazama Filbeti, akasema, "Umepita, mwanangu."

Wakapita wote, mmoja baada ya mmoja, kwa maneno yao yasiyonyooka. Nikabaki mimi, mtoto wa mwalimu. Nikaulizwa Mungu yuko wapi. Nikajibu bila kupumua, kila herufi mahali pake, Mzee Festo akitikisa kichwa kwa furaha. Padre akasema vizuri sana, kisha akaegemea mbele. "Na wewe, binti, umemwona wapi?"

Daftari la jiografia halikuwa na swali hilo. Padre akasema bila ukali kwamba nirudi darasani mwaka mmoja zaidi, baba yangu atanisaidia.

Darasa zima lilipita, ukabaki na darasa lako, na aliyeanguka ni mwanao peke yake! Nilikimbilia nyuma ya kanisa ilipoanikwa mikeka, nikalia kwa kelele. Ukaja. Hukuniuliza yale majibu nimeyatoa wapi, ingawa ulijua, maana unga ulikuwa umejaa kwenye jalada la daftari langu. Ulivua viatu, ukakaa, magoti yakalia. Ukasema, "Maswali mawili, umepata moja. Kwa hesabu za shuleni kwetu hiyo ni hamsini kwa mia, mama, wengi wanaitamani." Nikacheka huku makamasi yananitoka. Nikakuuliza jibu la lile la pili ni lipi. Ukasema, "Sijui. Tutafute." Tukaondoka taratibu mpaka ufukweni Shangani, ukaninunulia muhogo wa kukaanga wenye pilipili nyingi, tukala tukitembea.

Nilirudia mwaka, nikapita, lakini padre hakuniuliza tena swali lile. Na wewe, Baba, hukunikumbusha hata siku moja. Tangu tukuzike mwaka juzi ndilo linalonijia kila ninapoikunja mikeka.

Nawasikia watoto wanakuja, wanabishana tangu kwenye kona. Hizi fotokopi nimezigeuza. Upande wa nyuma ni mweupe, unatosha kuandikia swali la kila mmoja, na kesho wataingia kwa padre na maswali yao. Naogopa, sikufichi. Wakianguka, nitajua pa kwenda kukaa nao.

Na lile la padre nimelijibu leo, nikiwa na miaka ishirini na tisa, kwenye kiti chako kibovu. Umemwona wapi? Nyuma ya kanisa, Padre, dakika chache tu baada ya wewe kuniuliza. Alikuwa anavua viatu ili akae chini na mimi.

Lala salama, Baba. Pumzisha magoti.

Ni mimi binti yako,
aliyerudia darasa.