Siku Uliyouliza Kitanda Kiko Wapi

Mwanangu Wanjiru,

Huko ugenini baridi ni kali, najua, lakini wewe hujawahi kuvaa sweta mpaka ulazimishwe. Vaa.

Leo nimepita kwenye zahanati yetu hapa Kangemi nikakukumbuka. Unakumbuka Mama Nafula, jirani yetu, alivyompoteza mtoto njiani akikimbizwa hospitali kubwa, kwa sababu hapa hapakuwa na pa kujifungulia? Ulipotaka kurap habari zake, ulienda kwanza kuketi jikoni kwake.

"Mama Nafula, ukikataa sitasema."

"Sema," akakujibu. "Na jina langu ulitaje."

Mimi, mtu wa kwaya, nilidhani hip-hop ni kelele za vijana. Siku hiyo nikaanza kuwasikiliza.

Kisha mheshimiwa, mbunge wetu, akaja kufungua wadi mpya ya kina mama pale zahanati. Walikualika utumbuize, umsifu kidogo, watu wacheze. Ukapanda jukwaani na ile kofia yako kuukuu:

"Utepe umekatwa, rangi bado mbichi,
Mama Nafula alilia, hamkusikia kilio hiki.
Mlango ni mpya, ndani hakuna kitu,
Kitanda kiko wapi? Tuonyeshe sisi watu!"

Wakazima maiki. Ukaendelea kwa sauti yako tu, na uwanja mzima ukaitikia: "Kitanda kiko wapi?" Hata wanakwaya wenzangu. Mheshimiwa aliingia garini bila kuaga.

Askari wakakuchukua. Nilipofika kituoni ulikuwa umekaa sakafuni, sauti imekauka. Nilikuja nikiwa nimejiandaa kukufariji, lakini wewe ndiye uliyeanza kuuliza: "Mum, Mama Nafula alisikia?"

Alisikia, mwanangu. Alikuwa nje ya geti na wanawake wengine, na hawakuondoka mpaka ukaachiliwa.

Vitanda vililetwa kabla ya mvua. Lakini wanaume tusiowajua walianza kuja mlangoni kukuulizia, nao hawakuchoka, ikabidi ukimbilie huko ugenini. Nyumba ilikuwa kimya sana. Bado ni kimya.

Jumamosi sisi wachuuzi tuliitwa mkutanoni kuhusu soko letu, serikali inataka kulibomoa. Watu waliinamisha vichwa. Nikanyoosha mkono nikapewa maiki. Wanjiru, mimi sina vina. Niliuliza tu, "Sisi tutauzia wapi?" Afisa akasema niketi, atanijibu baadaye.

Nikamwambia nitangoja nikiwa nimesimama.

Kaa salama, na Mungu akulinde.

Mama yako, anayejivunia kukuzaa