Bowa ya gogo la Kapolowe

Mujukuu wangu Ngoie,

Jambo sana huko Lubumbashi. Hapa mtaa wa Panda tuko wazima, minye mwenyewe na ile kuku yako. Majirani wote wamehama. Mengine acha.

Unauliza kama ni kweli, profesere wako anasema dawa mpya ya kuua ukungu wa mimea ilitokana na uyoga unaoozesha miti. Kumbe! Minye wa darasa mbili tu, nililiona hilo kabla ya wazungu wako wote.

Nikiwa kijana kule Kapolowe, tulikuwa na gogo lililoota bowa, ndiyo uyoga wenyewe. Magogo ya pembeni yalijaa ukungu wa kila rangi. Letu, hapana. Mudogo wangu Kabwe, anayeniita yaya kwa kuwa minye mukubwa wake, akacheka: "Yaya, hii bowa inafukuza wenzake ili ikule yenyewe tu. Ni kama weye!"

Nilikasirika. Nikamwambia gogo ni langu, asiguse tena. Akaenda kufanya kazi Mwadingusha, kwenye barrage, ule ukuta wa kuzuia maji ya mto, na mpaka leo hajakanyaga kwangu. Bowa nilikula peke yangu msimu mzima. Ilikuwa mutamu, sidanganyi, lakini kila siku ilibaki kwenye sahani.

Kabwe angali Mwadingusha. Weye unajua kuandika, basi mwandikie. Usiseme naomba samahani, minye siombi. Mwambie tu mvua imenyesha, bowa imeota nyuma ya nyumba, na safari hii siwezi kuimaliza.

Minye kambo wako, ndiyo babu yako, mwenye nguvu bado.