Mfuko wa Kurta Yako, Mzee Kanti

Mzee wangu Kanti,

Shikamoo. Najua safari hii hakuna marahaba, lakini siwezi kuanza kusema na wewe bila salamu. Ungeniambia Johannesburg imenilevya. Marahaba yako ilikuwa na mkia wake: "Marahaba, mpiga kura wangu." Ukishasema hivyo unajicheka mwenyewe, unavua viatu mlangoni pa duka letu, unakaa kwenye benchi chini ya dirisha, unaomba chai ya rangi. Benchi lipo. Mama Furaha, mwenzangu wa cherehani, alitaka kupanga majora ya vitenge juu yake, nikamkatalia, tukanuniana mpaka mchana.

Nakuandikia kwa sababu kuna jambo limefanywa juu yako na mimi nimetia mkono. Sijui kama ungelipenda. Ungekuwepo ningekuuliza, nawe ungejizungusha weee kama wanasiasa wote kabla ya kujibu, lakini mwisho ungejibu. Sasa inabidi nikueleze tu, na nijiamulie mwenyewe.

Unaikumbuka siku uliyoingia dukani kwetu mara ya kwanza? Mimi nilitamani uisahau. Nilimwona mzee wa Kihindi amesimama nje, kavaa kurta, lile shati refu la Kihindi, nyeupe, iliyofika magotini, anaukodolea macho ukuta wetu, na nikamwambia Mama Furaha bila hata kushusha sauti, "Huyo Muhindi katumwa na mwenye jengo, usimwambie kitu." Wewe ulikuwa unaitazama cherehani tuliyoichora ukutani ili wateja watuone. Ukaikunjia mikono kifuani, ukainamisha kichwa, ukaisalimia! Kisha ukaingia na kunijibu kwa Kiswahili cha kwetu Tanga, cha zile barabara za mjini zinazoitwa kwa namba: "Sikutumwa na mtu, mwanangu. Nimekuja kumwona mgombea."

Aibu niliyoipata, Mzee. Mama Furaha alicheka mpaka akaangusha pini.

Ndipo tukajua habari zako. Kwamba ulizaliwa Tanga, baba yako akiwa na duka, mkahamia Gujarat, India, ukiwa kijana ambaye hata lugha ya wazazi wake aliizungumza kwa kupapasa. Kwamba siasa uliianzia ukutani, ukichora alama za chama kwa brashi na ndoo, kwa sababu ulikuwa na mkono mzuri. Kutoka ukutani ukawa mtu wa kubeba vipaza sauti, ukaingia baraza la kijiji, mwisho ukakaa kwenye bunge la jimbo, viti vya nyuma, vipindi viwili. Uwaziri uliahidiwa kila mwaka. "Nilikuwa nautia mfukoni pamoja na ahadi nyingine," ulisema.

Na ndiyo hiyo mifuko. Ulituambia kwamba kule kwenu mwanasiasa hapokei maombi ofisini tu. Watu wanamdaka njiani, msibani, harusini, wanamtumbukizia karatasi mfukoni. Kwa hiyo kurta zako zote zilikuwa na mifuko mikubwa ubavuni, na jioni mkeo alikuwa anaimwaga mezani mnasoma pamoja. Mpaka asubuhi ile ya kura ya malisho. Chama kilitaka ardhi ya wafugaji wapewe watu wa kiwanda, na wewe uliambiwa inua mkono, usiulize. Mlangoni pa bunge mama mmoja mfugaji akakutia karatasi mfukoni. Ulikuwa umechelewa. Uliinua mkono na karatasi ile ikiwa humo humo, hujaisoma. Mkeo akaifua kurta, na karatasi ikatoka kwenye maji imekuwa uji.

Ulipofika hapo hukuwahi kumalizia vizuri. Ulikuwa unaitazama glasi ya chai. "Mpaka leo sijui aliandika nini," ulisema, na mimi nikajifanya natafuta mkasi.

Ulikihama chama. Uchaguzi uliofuata ukagombea peke yako, na kwa kuwa kwenye karatasi ya kura kila mgombea lazima awe na picha, ili asiyesoma naye apige kura, na asiye na chama hupewa picha ya vitu vya nyumbani tu, feni, mwavuli, kiti, wewe ukapewa cherehani. Mama Furaha na Kiswahili chake cha Bukavu akakuuliza, "Mzee, sasa ule alikushinda alikuwa na picha ya nini?" Ukamjibu, "Ya chama changu." Tulicheka, na wewe ulicheka, lakini kila mtu aliona kwamba bado inauma. Tangu hapo ukaagiza kurta zisizo na mifuko. Hata nilizokushonea mimi mwanzoni zilikuwa hivyo, tambarare kote, na nilikulaumu kwamba simu yako utaiweka wapi.

Mwanao Nilesh akakuleta huku Randburg mkeo alipofariki. Fleti ya ghorofani, televisheni kubwa, kila mtu kazini. Ungekufa mapema zaidi, nakwambia ukweli, kama usingegundua teksi ya kuja kwetu. Ulikuja kukaa, na ukikaa mtu kama wewe watu hawakuachi. Wakati ule kina mama wanaouza nyanya na vitenge kando ya barabara walikuwa wameamriwa waondoke. Walikuwa wakienda kwa diwani wanapiga kelele mlangoni, wanarudi bila kitu. Ukawaambia waingie waketi, hata chini sakafuni, na watulie. "Mtu aliyesimama anaonyeshwa mlango," ulisema, "aliyekaa lazima aulizwe shida yake." Ukaenda nao, ukakaa sakafuni na magoti yako yale mabovu. Diwani alitoka kuwatazama yeye mwenyewe. Kina mama bado wapo pale karibu na roboti, zile taa za barabarani, wamepewa muda, ndiyo, lakini wapo.

Baada ya hapo watu wakaanza kukuletea karatasi hapa dukani. Mkongo ana barua ya kodi asiyoielewa, Mrundi ana mtoto aliyekataliwa shule. Ulizishika mikononi, zinakuanguka, Mama Furaha akakupa mfuko wa plastiki, ukaona haya. Siku ile ukaniambia ukiwa umegeukia dirishani, "Mwanaidi, kurta ijayo itie mfuko. Mkubwa. Ubavuni." Nilikata kitambaa, nikachora mfuko kwa chaki na kuupiga mshono, mbele na nyuma zikabaki hazijaunganishwa.

Hukuja kuijaribu. Alinipigia Riya, mjukuu wako, akilia kwa Kiingereza na Kizulu, na kwa kuwa hajui Kiswahili zaidi ya salamu ulizomfundisha, alinisalimia kwanza. "Shikamoo, Aunty." Halafu akasema moyo wako umesimama. Mtoto mzima wa watu anakumbuka shikamoo katikati ya kilio. Umemlea vizuri.

Nilikuja kule mnakochomea maiti, mimi na Mama Furaha, tukasimama nyuma. Sisi tunazika, Mzee. Tunatia mchanga kwa mikono, tunajua mtu wetu yuko wapi. Pale sikujua hata mikono niiweke wapi. Nilikuombea kwa ninavyojua mimi, na nadhani Mungu hakuuliza nimesimama katika nyumba ya nani.

Sasa jambo lenyewe ndilo hili.

Nilesh alikuja dukani peke yake, kutoka kazini Sandton, na suti yake. Akaweka mezani chungu cha shaba, na kando yake kitambaa cha satini, bendera ya chama chako. Kile kile ulichokihama. Alisema viongozi wa chama wamempigia simu, uchaguzi wao unakaribia, wanataka kuyapokea majivu yako kwa magari na ngoma, wayasindikize mpaka mtoni yanakomwagwa, na barabara ya kijijini ipewe jina lako. Akaniomba nikishonee chungu gauni la bendera ile.

Nilikasirika, sikufichi. Nilikuwa na maneno mengi mdomoni na yote mabaya. Lakini nilimtazama usoni nikaona hana ubaya, amechoka tu. Akaniambia kwamba uliposhindwa alikuwa shuleni, na watoto walikuwa wakimpita wanafanya sauti ya cherehani, trrr, trrr, kila siku. "Nataka baba arudi nyumbani kama mshindi," alisema. Uliwahi kuliwaza hilo, Mzee? Sisi ulituchekesha na ile cherehani miaka yote, kumbe mwanao alikuwa akiibeba kwa namna nyingine.

Nilichukua futi yangu shingoni nikakupima. Ndiyo, nilikipima chungu, kimo na mzunguko, kwa sababu mikono yangu haijui kufanya kitu kingine mteja anapokaa mbele yangu. Niliwahi kukupima mabega mara nyingi hivi, ukiniambia nipunguze tumbo kwenye hesabu. Nilishindwa kuandika namba. Mama Furaha akaniondolea futi mkononi.

Kisha nikaenda kabatini nikatoa kurta yako. Nikaikunjua juu ya ile satini, nikamwonyesha Nilesh mfuko. Nikamwuliza kama anajua kwa nini baba yake hakuwa na mifuko. Alisema alidhani ni uzee, au ni huzuni ya kumpoteza mama. Nikamsimulia kura ya malisho na karatasi iliyofuliwa. Hakuijua, Mzee! Mtu umekaa na mwanao nyumba moja, hadithi unakuja kuzimwaga kwa mafundi nguo hapa Yeoville. Hilo nimekukasirikia na nitaendelea kidogo.

Nikamwambia, "Mimi bendera hii siishoni. Mafundi wamejaa mtaa huu, kuna mwingine hapo baada ya saluni, na anashona vizuri. Ila mimi, nikikushonea, nitakushonea kwa kurta hii." Mama Furaha naye akasema, "Baba, mzee aliomba mufuko. Ni kitu ya mwisho aliomba." Sijui kama Nilesh alielewa. Alikaa kwenye benchi lako, akaingiza mkono kwenye ule mfuko mtupu. Umeme ukakatika, kama kawaida yake, na mimi nikahamia kwenye cherehani ya miguu nikaanza kuipunguza kurta kwa kimo cha chungu na kuunganisha mbele na nyuma yake. Hakunizuia. Alipoondoka alikuwa amekikumbatia chungu ndani ya gauni jeupe lenye mfuko ubavuni. Ila bendera aliikunja vizuri akaitia kwenye mkoba wake, na hakusema ataifanya nini.

Hapo ndipo nilipoteseka. Nilesh na Riya walisafiri nawe kwenda Gujarat, na mimi nikabaki nakosea vipimo vya watu. Nilimshonea bibi harusi mmoja mkono wa kushoto mahali pa kulia. Nilikuwa nawaona wale wakubwa wako wamekufunika satini, wanapunga mikono kwenye magari, na wewe humo ndani huna la kusema.

Riya ndiye aliyenitumia habari, na picha. Kwamba wale wakubwa walikuwapo stesheni, kweli, na mashada na ngoma. Mkubwa wao mmoja akatoa bendera nyingine kubwa akaitandaza juu yako, na wapiga picha wakasogea. Nilesh akaitoa. Polepole, anasema Riya, kwa adabu, akaikunja, akamrudishia kwa mikono miwili, na ile ya mkobani akaiweka juu yake. Mkubwa akatabasamu mpaka kamera zikaondoka, kisha naye akaondoka na magari yake. Ngoma zilikwenda nao. Kwa hiyo barabara sidhani kama utaipata, Mzee, samahani.

Walikwenda mtoni kwa miguu, wao na jamaa wachache. Lakini njiani wakatokea wafugaji. Wazee, akina mama wenye shela vichwani, waliosikia tu kwamba umerudi. Hakuna aliyewaita. Bibi mmoja akasogea kukigusa chungu, akauona mfuko. Akauliza kitu, Nilesh akamjibu. Bibi akamwomba mjukuu wake kalamu.

Ninayo picha hapa. Mfuko umefura, karatasi zinachungulia juu, nyingine zimekunjwa kama sambusa. Nimeutazama mshono wangu, umeshika. Mama Furaha analia kila nikimwonyesha, halafu anaomba nimwonyeshe tena.

Nilesh akanipigia simu akiwa pale pale ukingoni mwa mto, nasikia maji na watu. Sauti yake ilikuwa inakatika, sijui ni mtandao. Aliniuliza, "Mama Mwanaidi, hizi karatasi nizifanye nini?" Mimi fundi wa nguo, Mzee, mambo ya Gujarat nayajulia wapi? Nikamwambia azitoe kwanza, azisome zote, ndipo aingie majini.

Alizisoma. Riya anasema jua lilihama wakiwa wamekaa chini, yeye anasoma, wenyewe wanamweleza. Amerudi juzi, na karatasi zipo naye Randburg, na ameanza kupiga simu kule kufuatilia shida zao. Jana alipita hapa, akavua viatu mlangoni. Nikampa chai ya rangi.

Kwaheri, mzee wangu. Uende salama huko mto unakokupeleka. Jumatatu kina mama wa nyanya wanarudi kwa diwani, muda wao umekwisha, na wameniomba niwatangulie kwa kuwa wewe hupo. Nimekubali. Nitaingia, nitakaa sakafuni. Gauni nitakalovaa nimelitia mfuko mkubwa, ubavuni, na tangu asubuhi watu wameshaanza kunitumbukizia karatasi zao. Nakuahidi, Mzee, gauni hili halitaingia majini kabla sijaupekua mfuko wake.

Wako, mpiga kura wako,
Mwanaidi