Bao Nililopewa Siku ya Maziko ya Baba

Kwa dadangu Rukia,

Assalaam alaykum warahmatullah. Natumai barua hii itakukuta ushaswali na umeketi, maana si ya kusomwa ukiwa wasimama jikoni. Mama yu hali gani na eda yake? Miguu yafura bado? Na yule paka aliyekuwa akilala juu ya mswala wa Baba, bado yuaja kumtafuta? Mimi mwili mzima, alhamdulillahi, isipokuwa goti la kushoto, ambalo sasa nikipanda ngazi hulia kama mlango usiotiwa mafuta. Mvua ya huku Dhaka haijui kusita. Nguo zangu hazikauki, na wiki iliyopita nilikwenda msikitini Ijumaa na fulana ya mazoezi. Baba angenirudisha nyumbani kutoka mlangoni.

Naandika kwa mkono, kisha nitazipiga picha karatasi hizi nikutumie. Kwenye simu siwezi. Nikisikia sauti yako, ama nitalia ama nitakutukana, nawe ni mkubwa wangu, umenibeba mgongoni. Soma peke yako. Usimpe shemeji Hemedi akusomee, atairuka mistari ili asikuudhi.

Juma Kipara amenipigia. Wamjua Juma, tangu tulipokuwa tukicheza pamoja uwanja wa Tononoka kazi yake ni kuwapangia watu mambo yao.

"Mfungaji wetu!" akapiga kelele. "Mamako akitoka eda tu, twakutaka. Mechi ya kukuaga! Fulana zishachapwa jina lako mgongoni, hata wazee wamezitaka."

"Na babangu, Juma?"

"Maalim, Mungu amrehemu, hatukumsahau. Kabla ya mpira tutasimama kimya dakika moja."

"Tangu lini sisi twamsimamia maiti kimya? Sisi twamsomea."

Akacheka. "Ushakuwa ustadhi huko!" Kisha akaniambia kuwa ni wewe uliyempa ruhusa ya sherehe hiyo. Ndipo nikatafuta kalamu.

Dada, wakumbuka siku ile Baba alipokuja Tononoka na bakora, nimetoroka chuoni, na yeye ndiye mwalimu wa chuo chenyewe cha Qurani? Wenzangu walitawanyika kama kuku. Mimi nilikuwa na mpira mguuni, sikumwona, nikafunga. Nilipogeuka nikamkuta amesimama nyuma ya goli, kanzu yake imejaa vumbi. Hakunipiga. Alinishika sikio hadi msikitini, tukaswali alasiri, na tulipotoka akaniambia, "Wataka kucheza, cheza. Lakini hutoki kwenda uwanjani kabla sijakuombea."

Na hivyo ndivyo ilivyokuwa. Huko nyumbani alinisomea dua mkono wake ukiwa kichwani pangu. Nilipovuka bahari akanisomea kwa simu, nami nikiwa nishavaa viatu, nimejificha chooni ili wenzangu wasinione nikiitikia amina. Oman alinisomea, kwenye joto la kukunja soli ya kiatu. Vietnam alinisomea, ambako nilikula wali na mayai hata harufu ya yai ikawa yanikimbiza. Finland, Ramadhani ikaangukia wakati jua halitaki kutua, kocha akaniambia ninywe maji au nikae benchi. Nikakaa benchi. Baba hakunisifu. Alisema tu, "Benchi nalo ni mahali pa kukaa," kisha akanisomea vilevile, kana kwamba nacheza. Watu huuliza vipi mtu wa umri wangu bado yuafukuzia mpira. Mimi nilijua nilikuwa naingia uwanjani na nini.

Sasa nitakwambia Ijumaa ile ya maziko ilivyokuwa upande wangu, maana upande wenu nishausikia kwa kila mtu.

Mpira ulikuwa wa saa kumi ya hapa, kwenu saa saba. Nikapiga simu ya Baba, ukashika wewe.

"Baba yuko wapi?"

"Ashatangulia msikitini."

"Mbona mapema?"

"Leo katangulia. Amesema amekuombea. Nenda kacheze, Abdalla."

Nyuma yako nikasikia sauti za wanawake na sufuria. Nikakuuliza kuna nini. Ukasema majirani wamekuja, wapika. Wapika nini? Ukasema pilau. Nikakwambia unibakishie, nikacheka, nawe ukacheka, Rukia. Ulicheka. Usiku mmoja mmoja huo ndio mchezo wangu, kulipindua lile cheko lako nijue lilitoka wapi.

Nikaingia uwanjani. Nikaona watu wananipenda ghafla. Meneja, ambaye hata salamu yangu huijibu kwa kidevu, alinifunga mwenyewe kamba za kiatu. Kipa wetu, Mghana, ambaye hupenda kunitania kwa mvi zangu, hakunitazama usoni. Kipindi cha pili tukapata penalti. Mimi penalti walinivua zamani, tangu nilipokosa moja iliyotugharimu. Nahodha akauchukua mpira, akauleta hadi kifuani pangu.

"Leo piga wewe, mzee."

Nikapiga, nikafunga. Na nikacheza, dada. Nikatikisa mabega kama tulivyokuwa tukicheza kwenye harusi yako, mikono juu, nikageuka kuwangoja waje wanirukie. Hakuna aliyekuja. Walisimama mbali wakinipigia makofi polepole, kama watu wanaomtazama mtoto aliyefiwa akichezea gari la bati. Mimi nikadhani wana wivu.

Kwenye chumba cha kubadilishia nguo hapakuwa na wimbo. Nikafungua simu. Ujumbe wa kwanza ulikuwa wa Juma, chini ya video yangu nikicheza: "Pole sana kwa msiba wa Maalim, ndugu yangu, na hongera kwa bao." Nikausoma mara ya pili. Nikainua kichwa. Hakuna aliyeshtuka. Wote walikuwa wakiitazama sakafu, na hapo ndipo nilipofahamu kwamba walijua; meneja akakiri kwamba ulimpigia asubuhi ukamwomba wasiniambie mpaka mpira uishe. Watu wasiojua hata Mombasa iko wapi walijua babangu amekufa. Mimi sikujua. Lile bao walinipa, Rukia. Lilikuwa sadaka ya maiti, nami nikalichezea ngoma.

Nikamswalia Baba ghaibu, swala ya maiti aliye mbali, mle chumbani, na jezi ya jasho. Nyuma yangu alisimama mpishi wa timu peke yake. Kipa, Mkristo wa watu, alikaa mlangoni asiache mtu kuingia.

Uliniambia kesho yake kuwa nisingewahi maziko. Najua. Asiyejua kwamba Maalim aliyekufa alfajiri atazikwa baada ya swala ya Ijumaa ni nani? Sikutaka kuwahi. Nilitaka kukaa chini. Nilitaka kuvua viatu. Ukasema pia kwamba mkataba wangu ulikuwa umening'inia kwenye mechi ile. Basi ujue kwamba hawakuuongeza. Na Bibi alipokufa nikiwa Vietnam mlinificha vilevile hadi msimu uishe, nikanyamaza, nikasema wananionea huruma. Sasa naona mlinizoesha. Mmenigeuza mtu wa kuambiwa habari za harusi tu, kama mgeni wa heshima.

Mjini huko nasikia wasema, "Mwana wa Maalim alicheza ngoma mchanga haujakauka." Hilo nalivumilia, waliliona kwa macho yao. Lisilovumilika ni jingine, na ndilo lililonifanya niandike.

Ulisema, "Amesema amekuombea." Baba alikufa alfajiri. Uliyatoa wapi maneno hayo? Kama aliyasema usiku kabla ya kulala, kwa kuwa alijua kesho nacheza, basi niambie, nami nitayachukua hayo na kuyaweka pamoja na mengine yote, na wallahi sitakuuliza tena. Na kama uliyatunga wewe, ukiwa umesimama mlangoni na simu ya marehemu mkononi, pia niambie. Nitajua kwamba nilitoka siku ile mtupu, na nitajua radhi yake niitafute wapi. Lakini usinipambie. Usiniambie lile utakalodhani litanilaza. Nimelala nalo miezi hii yote, halilazi.

Nakuja. Tiketi nishaichukua, nitafika wiki moja kabla ya mechi ya Juma. Kucheza sichezi. Fulana zake awape watoto wa Tononoka wazifanyie mazoezi. Uwanja wa ndege asije mtu, na usiweke sufuria motoni. Nitakwenda makaburini kwanza, na mkoba wangu begani, kisha ndio nije nyumbani niubusu mkono wa Mama. Wewe ningoje ukumbini, mahali alipokuwa akiweka mswala wake, uwe na jibu.

Nisalimie Mama, mwambie mwanawe hajambo na haswali vibaya, mengine nitamwambia mwenyewe. Nisalimie shemeji Hemedi mwenye moyo wa kuruka mistari. Nisalimie wale majirani waliopika siku ile, Mungu awalipe, walimpikia babangu. Ami Twahir, aliyemwosha nduguye kwa mikono yake, mpe salamu zangu za adabu, na yeye peke yake umwambie siku ninayokuja, maana ndiye atakayenionyesha kaburi ni lipi. Nimezunguka dunia nzima, dada, na hilo silijui.

Wengine wote, Mama akiwemo, hadi Juma, wasijue siku hiyo. Kuficha mwajua. Nifichieni na hili.

Nduguyo uliyembeba,
Abdalla