Mjerumani Mwenye Sura Nyingi

Durban, 12 Agosti 1997

Yaya Agathe, dada yangu mkubwa,

Sweta uliyotuma kutoka Kigoma imefika. Baridi ya huku iko kali. Kazi pia nimepata: ninamfanyia usafi mzee Mjerumani, Bwana Riedel, aliyepanga nyumba hapa Greyville.

Mwanzoni nilimwogopa. Kabatini nilikuta picha zake akiwa polisi, padri, daktari, hata mfungwa. Yaya, huyo si mpelelezi? Nilipomuuliza alicheka.

"Mimi ni mwigizaji. Miaka thelathini kwenye filamu na televisheni, na sijawahi kuwa mhusika mkuu. Mimi ndiye jirani, karani, yule anayeuawa mapema."

Nilimwamini nusu tu. Kisha akaanza kuniuliza jinsi tulivyokimbia Uvira. Aliuliza kwa upole, nami nikamweleza hata habari za mwanangu Carmel.

Jumanne nilimkuta mbele ya kioo. Alisema Kijerumani, lakini nilisikia jina la Carmel. Aliziba mdomo kwa kiganja, mabega yakitetemeka, vilevile nilivyofanya mimi nilipomsimulia. Akaacha, akajitazama, akarudia.

"Bwana Riedel, huyo ni mtoto wangu!"

Uso ulimwiva kwa haya. "Wamenipa nafasi kubwa kwenye filamu, ya kwanza maishani," alisema. "Ya baba aliyefiwa. Mimi sijapata mtoto, Yvette."

Nimeacha kazi. Mama usimwambie sababu. Ila wewe nitakuambia: tangu tumzike Carmel kando ya njia, hakuna mtu aliyemlilia mbele yangu ila huyo mzee.

Mdogo wako asiyekusahau,
Yvette